Mshtakiwa Aliyekuwa Kwingine: Utetezi Unaotakiwa Kutajwa Mapema

Katika kesi nyingi za jinai pande zote mbili hukubaliana kwamba kosa lilitendeka: duka lilivunjwa, ng'ombe waliibwa, mtu aliuawa. Kinachobishaniwa ni nani aliyetenda, na hapo ndipo unapoingia utetezi ambao wanasheria huuita alibai, yaani madai ya mshtakiwa kwamba wakati kosa linatendeka yeye alikuwa mahali pengine, na kwa hiyo hakuweza kuwa mtendaji. Utetezi huu hauombi huruma wala haujaribu kuhalalisha kitendo, tofauti na ule wa mtu anayesema aliua akijihami au alichukua mali akiamini ni yake; wenyewe hukata kabisa uhusiano kati ya mshtakiwa na tukio, na ukisimama, kesi nzima dhidi yake huanguka. Kwa sababu ya nguvu hiyo, na kwa sababu pia si vigumu kuutunga, sheria za nchi nyingi zimeuwekea sharti ambalo halipo katika aina nyingi nyingine za utetezi: mshtakiwa anatakiwa autaje mapema, kabla ushahidi haujaanza kusikilizwa.

Kwa Tanzania Bara sharti hilo limo katika Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai ya mwaka 1985, Sura ya 20, katika kifungu ambacho mahakimu na mawakili wamekizoea kwa namba 194, hasa vifungu vyake vidogo vya nne, tano na sita. Kwanza, mshtakiwa anayekusudia kudai kwamba hakuwepo eneo la tukio anatakiwa kuipa mahakama na upande wa mashtaka taarifa ya kusudio hilo kabla kesi haijaanza kusikilizwa. Kama hakufanya hivyo, bado amepewa nafasi ya pili, ambayo ni kuupatia upande wa mashtaka maelezo ya kina ya madai yake wakati wowote kabla upande huo haujafunga ushahidi wake. Akizipitisha nafasi zote mbili, kisha akapanda kizimbani kujitetea na kusema kwa mara ya kwanza kwamba siku ile alikuwa safarini, mahakama ina hiari ya kutoupa utetezi wake uzito wowote. Masharti yanayofanana na hayo yamo pia katika sheria ya kudhibiti uhujumu uchumi, Sura ya 200, ambayo humtaka mshtakiwa aeleze habari hizo tangu usikilizwaji wa awali, yaani kikao kile cha kabla ya ushahidi ambacho pande mbili hutenganisha mambo yanayokubalika na yale yenye ubishi.

Maneno ya kifungu kidogo cha sita yanastahili kusomwa kwa makini, kwa kuwa ndiyo ambayo hueleweka vibaya zaidi, hata na baadhi ya wanaofanya kazi mahakamani. Sheria haikusema kwamba utetezi uliochelewa ni batili, wala haikusema kwamba hakimu aufumbie macho. Ilichompa ni hiari ya kuupima na, akiona inafaa, kutouwekea uzito. Mahakama ya Rufani ya Tanzania ililiweka wazi jambo hilo katika uamuzi wa mwaka 1990, iliposema kwamba mahakama haisamehewi wajibu wa kuutafakari utetezi wa aina hii eti kwa sababu tu haukutajwa kabla ya upande wa mashtaka kufunga ushahidi. Hakimu anatakiwa aandike katika hukumu yake kwamba madai hayo yalitolewa, ayapime pamoja na ushahidi wote, na ndipo atamke kama yana uzito au hayana, kwa sababu gani. Hukumu inayoyaruka kimya kimya, kana kwamba mshtakiwa hakusema kitu, ina dosari ambayo mahakama ya juu inaweza kuirekebisha. Kukataa kusikiliza na kukataa kuamini baada ya kusikiliza ni mambo mawili tofauti, na uhuru wa mtu mara nyingine hutegemea tofauti hiyo.

Sababu za kudai taarifa ya mapema zilielezwa zamani, tena katika eneo hili hili la dunia. Mwaka 1939 Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki ilieleza kwamba mtu anayeshtakiwa na ambaye utetezi wake ni huo anapaswa kuutoa haraka awezavyo, kwa sababu akikaa nao kwa miezi kadhaa patakuwa na wasiwasi kwamba huenda alikuwa akiuandaa katika muda huo. Na pia kwa sababu akiutoa mara moja, wapelelezi watapata nafasi ya kuuchunguza na, wakiridhika kwamba ni wa kweli, mashtaka yenyewe yatasimamishwa. Sababu ya kwanza ndiyo hutajwa kila mara, nayo huwafanya washtakiwa wengi waamini kwamba sharti hili limewekwa kwa ajili ya kuwanasa. Sababu ya pili husahauliwa, ilhali ndiyo yenye faida kubwa kwa asiye na hatia: mtu aliyekamatwa kimakosa hana sababu ya kungoja miaka miwili ya mahabusu ndipo aseme alikuwa wapi, kama kauli moja ya siku za mwanzo, ikichunguzwa kwa uaminifu, ingeweza kulifikisha jalada lake mbele ya wakili wa Serikali mwenye mamlaka ya kushauri kesi iondolewe.

Pamoja na hayo, ushahidi wa mahali mtu alipokuwa ni ushahidi unaopotea haraka kuliko karibu aina yoyote nyingine. Daftari la wageni la gesti hujaa na kutupwa, kamera za dukani hufuta picha zake baada ya muda mfupi, tiketi ya basi hufifia mfukoni hadi isisomeke, na jirani aliyekesha naye msibani huhamia mkoa mwingine au husahau kama ilikuwa Alhamisi au Ijumaa. Kumbukumbu za simu, ambazo huonyesha ni mnara gani uliohudumia namba fulani saa fulani, na zile za miamala kwa wakala, zinaweza kuwa na thamani kubwa, lakini mshtakiwa aliye mahabusu hawezi kuziendea mwenyewe. Ni lazima polisi waziombe au mahakama itoe amri, na vyote viwili havitokei kama hakuna aliyeambiwa kwamba kumbukumbu hizo zina maana katika kesi.

Hofu kubwa ya washtakiwa ni kwamba wakishasema walikuwa kwingine watalazimika kuthibitisha. Sheria haisemi hivyo. Katika kesi ya jinai mzigo wa kuthibitisha, yaani wajibu wa kuishawishi mahakama bila kuacha shaka yenye msingi, upo kwa upande wa mashtaka tangu mwanzo hadi mwisho, na kudai kutokuwepo eneo la tukio hakuuhamishii kwa mshtakiwa hata kidogo. Mahakama za eneo hili zimerudia kanuni hiyo kwa kauli inayokaribiana sana: za Tanganyika mwaka 1963, za Uganda mwaka 1968, za Tanzania tena mwaka 1980, na Mahakama ya Rufani ya Kenya mwaka 1984. Inatosha utetezi huo uingize katika fikra za mahakama shaka ambayo mtu mwenye busara hawezi kuipuuza. Mshtakiwa si lazima aaminiwe kikamilifu, ila tu maelezo yake yawe yanaweza kuwa kweli na upande wa mashtaka uwe umeshindwa kuyaondoa. Hata hivyo kutokuwa na mzigo wa kuthibitisha hakumaanishi kukaa mikono mitupu. Mtu anayesema alikuwa na shemeji zake wawili shambani, kisha asimwite hata mmoja wala asieleze kwa nini, ataacha pengo ambalo hakimu ataliona, na Mahakama ya Rufani ya Tanzania imewahi kueleza kwamba watu wanaodaiwa kuwa pamoja na mshtakiwa saa hiyo wanatarajiwa kuletwa. Katika hili nadharia na desturi ya mahakamani huvutana, na mshtakiwa mwenye busara huandaa mashahidi wake ingawa kwa kanuni angeweza kunyamaza.

Ukweli mwingine ambao hautajwi vya kutosha ni kwamba utetezi huu ukionekana wa uongo, uongo huo peke yake hauthibitishi kosa. Watu husema uongo juu ya mahali walipokuwa kwa sababu nyingi, na baadhi yake ni aibu tu ya kuwa kwa mwanamke asiye mkewe au hofu ya kutajwa katika biashara nyingine isiyo halali. Uongo uliothibitika waweza kuongeza nguvu ushahidi ambao tayari umesimama, lakini kesi iliyo dhaifu haiwi imara kwa sababu mshtakiwa amejitetea vibaya, maana upande wa mashtaka hushinda kwa nguvu ya ushahidi wake wenyewe.

Kuhusu namna ya kuitoa taarifa hiyo, kifungu chenyewe hakikuweka fomu maalumu, na tangu marekebisho ya sheria ya mwaka 2021 yaliyokifanya Kiswahili kuwa lugha ya mahakama hakuna sababu ya mtu kudhani kwamba anahitaji Kiingereza cha kisheria ili asikilizwe. Kilicho bora ni maandishi, nakala moja ikiwekwa katika jalada la mahakama na nyingine ikikabidhiwa upande wa mashtaka. Anayeshindwa kuandika anaweza kutamka mbele ya hakimu, akihakikisha kwamba maneno yake yameingia katika mwenendo wa shauri, yaani kumbukumbu rasmi ya kila kilichosemwa mahakamani. Yaliyomo yanapaswa kuwa mahususi. Sentensi inayosema tu kwamba mshtakiwa hakuwepo haina msaada kwa mtu yeyote, kwa kuwa mpelelezi hawezi kuichunguza. Yenye manufaa hutaja kijiji au mtaa, nyumba au ofisi, saa ya kufika na ya kuondoka, chombo cha usafiri, majina ya waliomwona, mahali wanapopatikana, na karatasi yoyote iliyobaki, iwe cheti cha zahanati au saini katika kitabu cha mahudhurio kazini. Wakati mashahidi wa upande wa mashtaka wanapotoa ushahidi, mshtakiwa au wakili wake anapaswa kuwauliza juu ya jambo hilo hilo, kwa sababu shahidi aliyesema alimwona mtu Mwanza, na asiulizwe kabisa habari ya mtu huyo kuwa Tabora, huchukuliwa kwa urahisi kwamba hakupingwa.

Suala la saa linahitaji uangalifu wa pekee kwa wazungumzaji wa Kiswahili. Kwa desturi ya Waswahili siku mpya huanza jua linapotua, ndiyo maana husemwa usiku wa kuamkia Jumapili, lakini hati ya mashtaka hufuata kalenda ya ofisini, ambayo tarehe yake hubadilika saa sita usiku. Wizi uliofanyika saa nane usiku wa kuamkia tarehe 15 huandikwa katika hati kuwa umetendeka tarehe 15, ilhali mshtakiwa na mashahidi wake, ambao kwao usiku ule ulianza walipokula chakula cha jioni cha tarehe 14, huweza kusema kwa unyoofu kabisa kwamba usiku wa tarehe 14 walikuwa pamoja, na wakiulizwa habari za usiku wa tarehe 15 wakazungumzia usiku mwingine kabisa, ule uliofuata. Vivyo hivyo saa nane ya usiku huandikwa 2:00 katika kumbukumbu za hospitali, za mitambo ya simu na mara nyingi za polisi, na asiyekuwa mwangalifu huisoma kama saa mbili. Mashahidi wa kweli wamewahi kuonekana waongo kwa kosa la hesabu ya namna hii, na dawa yake ni taarifa inayotaja tarehe zote mbili zinazougusa usiku huo pamoja na kusema wazi kama ni asubuhi, jioni au usiku wa manane.

Utetezi huu hukutana uso kwa uso na ushahidi wa utambuzi, yaani maelezo ya shahidi anayedai alimwona na kumtambua mtendaji. Mahakama ya Rufani ya Tanzania iliweka mwaka 1980 mwongozo ambao hadi leo unatumika, kwamba hakimu ajiulize shahidi alimtazama mtu huyo kwa muda gani, kutoka umbali gani, kwa mwanga wa aina gani, na kama alimfahamu kabla. Pale ambapo shahidi alimwona mtu asiyemjua kwa sekunde chache kwa mwanga wa kibatari, madai ya kuwa kwingine, hata yakiwa na shahidi mmoja tu, yanaweza kutosha kuleta shaka. Pale ambapo mashahidi watatu wanamjua mshtakiwa tangu utoto na tukio lilikuwa mchana, yatahitaji kuwa imara zaidi. Umbali na muda pia hupimwa. Aliyeonekana harusini saa moja jioni bado angeweza kufika kwenye tukio la saa nne usiku umbali wa kilomita tano, kwa hiyo utetezi wenye pengo la saa tatu haujawa utetezi. Na kuna makosa ambayo kutokuwepo hakumwokoi mtu, kwa kuwa sheria humhesabu kuwa mkosaji yule aliyepanga, aliyeshawishi au aliyetoa silaha, hata kama alikuwa amelala nyumbani kwake wakati wenzake wanatenda.

Mfano mkubwa wa upimaji wa umbali na muda ulitokea Arusha, katika Mahakama ya Kimataifa ya Makosa ya Jinai ya Rwanda, iliyoanzishwa na Umoja wa Mataifa mwaka 1994 na kufungwa mwishoni mwa mwaka 2015. Kanuni ya 67 ya mahakama hiyo ilimtaka mshtakiwa anayedai alikuwa kwingine autaarifu upande wa mashtaka mapema, akitaja mahali alipokuwa, majina na anwani za mashahidi, na ushahidi mwingine anaoutegemea. Protais Zigiranyirazo, aliyewahi kuwa mkuu wa mkoa wa Ruhengeri na shemeji wa Rais Juvénal Habyarimana, alihukumiwa mwezi Desemba 2008 kifungo cha miaka 20 kwa kushiriki mauaji ya kimbari, yakiwemo yaliyohusishwa na kizuizi cha barabarani katika eneo la Kiyovu mjini Kigali. Kuhusu kizuizi hicho utetezi wake ulikuwa kwamba siku husika alikuwa Rubaya, kaskazini magharibi mwa nchi. Tarehe 16 Novemba 2009 Kitengo cha Rufani kilimwachia huru, kikisema majaji wa awali walikosea kuhusu nani mwenye mzigo wa kuthibitisha pale utetezi wa aina hii unapotolewa, na kwamba hawakueleza vya kutosha jinsi mtu angeweza kusafiri kati ya Rubaya na Kigali katika mazingira ya siku zile. Uamuzi huo haukuyakana mauaji yenyewe, na ndugu wa waliouawa waliupokea kwa uchungu ambao hakuna hoja ya kisheria inayoweza kuupunguza. Lakini unabaki kuwa fundisho kwa hakimu wa wilaya kama ulivyo kwa jaji wa kimataifa kwamba urefu wa barabara na hali yake ni ushahidi unaotakiwa kujibiwa.

Nchini Kenya taarifa ya mapema hudaiwa zaidi na maamuzi ya mahakama, na upande wa mashtaka unaposhtukizwa na jambo jipya ambalo haukuweza kulitarajia, sheria ya mwenendo wa jinai inairuhusu mahakama, kwa kifungu cha 212, kuupa nafasi ya kuleta ushahidi wa kujibu. Uingereza ililiweka sharti hilo katika sheria mwaka 1967 kwa kesi zinazosikilizwa na mahakama za juu. Nchini Marekani ilidaiwa kwamba kumlazimisha mshtakiwa kufichua utetezi wake ni kumfanya ajishuhudie mwenyewe. Mahakama ya Juu ya nchi hiyo ilikataa hoja hiyo mwaka 1970 katika shauri kutoka Florida, lakini miaka mitatu baadaye, katika shauri kutoka Oregon, ikasema sharti hilo haliwezi kutumika kama upande wa mashtaka nao haulazimiki kumfichulia mshtakiwa ushahidi wake wa kumpinga.

Hoja hiyo ya pili ndiyo inayoigusa Afrika Mashariki kwa karibu zaidi. Katiba ya Kenya ya mwaka 2010, ibara ya 50, inampa mshtakiwa haki ya kuelezwa mapema ushahidi ambao upande wa mashtaka unakusudia kuutumia. Kumtaka mtu ataje alikuwa wapi, wakati yeye mwenyewe hajaonyeshwa maelezo ya mashahidi wanaosema walimwona, ni kumdai uwazi wa upande mmoja. Na hata pale taarifa inapotolewa, haina maana kama hakuna anayeifanyia kazi: mpelelezi aliyepewa jina la gesti na asiende kuangalia daftari hana haki baadaye ya kusimama mahakamani akisema utetezi haukuthibitishwa, na wakili wa Serikali anayejua hivyo anapaswa kuiambia mahakama.

Tatizo kubwa kuliko yote, hata hivyo, ni kwamba sharti hili linawabana hasa wasiolijua. Mfanyabiashara mwenye wakili huandikiwa taarifa yake mapema, huku mkulima aliyeshtakiwa kwa unyang'anyi, kosa ambalo likiwa la kutumia silaha adhabu yake haipungui miaka 30 jela, huanza kusema alikuwa wapi siku anayoitwa kujitetea, kwa sababu ndiyo siku ya kwanza mtu amemuuliza. Usikilizwaji wa awali ni mahali pafaapo pa kurekebisha jambo hili bila kubadilisha sheria hata herufi moja: hakimu anaweza kumwambia mshtakiwa asiye na wakili, kwa Kiswahili cha kawaida, kwamba halazimiki kusema kitu, lakini kama utetezi wake ni kwamba hakuwepo, autaje sasa, na kwamba akichelewa mahakama inaweza kutoupa uzito, kisha aandike kwamba amemwambia. Wasaidizi wa kisheria wanaotambuliwa na Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 wanaweza kulisema jambo hilo hilo kwa mahabusu wanaowahudumia. Na msomaji ambaye ndugu yake amekamatwa leo, naye anajua walikuwa pamoja saa ile, asingoje kuitwa: aandike tarehe, saa, mahali na majina ya waliokuwepo, atunze kila karatasi na kila ujumbe wa simu unaohusika, na ayafikishe hayo kwa wakili au mahakamani kabla shahidi wa kwanza hajaapa.